Aliyekula Maneno ya Shahidi

Siku ya kwanza ya kazi, Lucie aliuliza ni nani anayekaanga kahawa.

Guelord, mhariri wa filamu, hakugeuka kutoka kwenye kompyuta yake. "Kahawa gani, mama Esperance? Umu ndani kuko tu majani ya chai na unga ya nsima, bugali ya huku."

Ni kweli. Nyumba ile ya Kauma, pembeni mwa Lilongwe, ilipangwa kwa ajili ya filamu tu: meza mbili, kompyuta mbili, godoro la Guelord na jiko la mkaa la kuchemshia chai. Madirisha yalikuwa wazi na jirani alikuwa akianika mahindi uani. Lakini Lucie alizaliwa kwenye vilima vya nyuma ya Bukavu, ambako kila boma lilikuwa na mibuni yake, na harufu ya kahawa inayokaangwa asingeikosea hata usingizini. Kahawa hii ilikuwa imekaa motoni kupita kiasi. Ilikuwa inaungua.

Alikuwa akiihitaji kazi kuliko jibu. Tangu alipofika kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, huku Malawi, mwaka 2011 na binti yake Esperance, alikuwa fundi cherehani chini ya kibanda cha turubai, akigeuza kola za mashati ya wachungaji. Sasa, mwaka 2014, alikuwa amekuja mtu wa filamu, René, mtoto wa Wabukavu aliyekulia Ulaya, akitafuta mtu anayejua Mashi, lugha ya vilima vile vya Bukavu, na Kifaransa sawasawa, amwandikie tafsiri ya chini ya picha. Alikuwa akitengeneza filamu juu ya kesi ya Nyakashaka.

Lucie aliposikia jina hilo alirudisha macho kwenye cherehani. Hata hivyo alisema, "Mi naweza."

Hakusema kwamba kesi ile anaijua. Nyakashaka kilikuwa kijiji. Wanajeshi waliwafungia watu ndani ya depo, ghala la kuhifadhia kahawa, wakawasha moto. Mwaka uliofuata, 2009, mahakama ya kijeshi ilikuja mpaka pale kijijini, ikapiga hema, ikamshtaki Kapteni Gaspard na askari wake. Askari watatu wa vyeo vya chini walifungwa. Kapteni aliachiwa. Sasa alikuwa kanali.

Lucie alivaa hedifoni, Guelord akabonyeza kitufe, na picha ikaja: hema la mahakama, na nyuma ya pazia kivuli cha mwanamke. Huyo alikuwa Benedicte M'Byamungu, mtu mmoja pekee aliyetoka hai ndani ya depo. Alikuwa anaongea Mashi, polepole, kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe.

"Kapteni mwenyewe ndiye aliyefunga mlango," alisema. "Nilimwona akitoa ufunguo mfukoni mwake."

Kisha ikaingia sauti ya mkalimani, naye pia amefichwa nyuma ya pazia, sauti changa na safi, ikisema kwa Kifaransa: "Askari walifunga mlango."

Sauti ile ilikuwa ya Lucie.

Alikuwa amejitayarisha kuisikia. Hakuwa amejitayarisha kwa kilichofuata. Ndani ya masikio yake, katika ule ukimya mdogo kabla hakimu hajauliza swali, mwanamke wa nyuma ya pazia alisema chinichini:

"Sivyo nilivyosema."

Lucie alivua hedifoni. Siku ile ya 2009 Benedicte hakusema hivyo. Angesemaje, naye hakujua neno hata moja la Kifaransa? Aliirudisha picha nyuma. Kapteni mwenyewe. Askari walifunga. Ukimya. "Sivyo nilivyosema." Akairudisha tena, vidole vikiteleza kwa jasho, na mara ya tatu sauti ilikuwa karibu zaidi, karibu kama mtu anayekuegemea begani kanisani: "Lucie. Sivyo nilivyosema."

"Guelord, sikiliza hapa."

Guelord alisikiliza, akainua mabega. "Upepo ku hema, basi. Kwani uko nasikia nini?"

"Hapana kitu."

Benedicte alikuwa amekufa. Wiki mbili baada ya hukumu walimkuta mtoni, kitenge chake kimefungwa shingoni. Lucie alilijua hilo. Alikaa mbele ya karatasi, kalamu mkononi, harufu ya kahawa ikizidi, kisha akaandika kile kile alichokisema miaka mitano iliyopita: Askari walifunga mlango.

Hapo ndipo nyumba ilipoharibika.

Kila asubuhi karatasi yake ilikuwa na alama nyeusi juu ya neno "askari", mahali ambapo kidole chenye masizi kilikuwa kimesugua na kusugua. Kule Dzaleka, mchana kweupe, akiwa kwenye cherehani, alijikuta akijibu maswali ambayo hakuna aliyeuliza. Esperance, msichana wa miaka kumi na miwili aliyekuwa akichambua maharage mlangoni, alimkazia macho.

"Mama, uko nasema na nani? Na ile luga ni ya wapi?"

"Nilikuwa naimba tu."

"Haukuwa naimba. Nilisikia pardon. Ulikuwa naomba musamaha."

Wiki ya pili, saa saba mchana, umeme ulikatika Kauma. Hakuna aliyeshangaa, umeme wa Lilongwe ulikuwa na tabia hiyo. Guelord alijinyoosha mgongo. Kompyuta zilizimika zote mbili. Lucie alivua hedifoni, akaziweka mezani.

Hedifoni zikaendelea kuongea.

Safari hii Guelord alisikia. Aligeuka, kikombe mkononi, akaziangalia zile hedifoni zilizokuwa zikinong'ona juu ya meza kama nyuki ndani ya kibuyu, na kabla hajauliza chochote mlango wa stoo ndogo iliyokuwa nyuma yao, stoo isiyo na kufuli, stoo ambamo mlikuwa na ndoo na ufagio tu, uligongwa kutoka ndani. Uligongwa mara moja, kwa adabu, kama mgeni anavyobisha. Kisha ukagongwa kwa kiganja, kisha kwa viganja viwili, kisha kwa viganja vingi visivyohesabika, vikubwa na vidogo, vya juu usawa wa kichwa cha mtu mzima na vya chini kabisa usawa wa mtoto anayetambaa, mpaka bawaba zikalia na rangi ya mlango ikaanza kututumka kwa joto na kupasuka, na ile harufu ya kahawa ikajaa chumbani nzito kiasi cha kutafunwa, na chini yake, imefunikwa na kahawa lakini haikufunikika, ikaja harufu nyingine ambayo Lucie hakuwahi kuisikia maishani mwake na ambayo mwili wake ulijua mara moja ni ya nini. Guelord alirukia kitasa, akavuta kwa nguvu zote, mguu mmoja ameukaza ukutani, na mlango ule usio na kufuli ulikataa kufunguka.

"Banasema nini?" alilia. "Mama Esperance, we unajua Mashi! Banasema nini?"

"Banasema tufungue," alisema Lucie.

Kisha kukawa kimya. Mlango ukafunguka wenyewe taratibu. Ndani mlikuwa na ndoo na ufagio. Kwa upande wa ndani, mbao zilikuwa zimejaa alama za viganja vya masizi.

Guelord hakusubiri kuulizwa. Jioni ile ile aliongozana na Lucie mpaka Dzaleka, kwa mama Irankunda.

Mama Irankunda alikuwa mjane wa Kirundi. Asubuhi aliuza nyanya sokoni, mchana alifukuza mashetani, na yote mawili aliyafanya kwa sauti ile ile ya kuzidi kelele za watu. Alimfungisha Lucie siku tatu bila chakula. Siku ya nne, jua likiwa juu ya mabati, alimkalisha kwenye mkeka, akamwekea mkono kichwani, na wanawake wawili wa maombi wakamshika mabega. Guelord alisimama mlangoni, kofia mkononi.

Waliimba. Walikemea. Kwa muda mrefu hakuna kilichotokea, isipokuwa jasho. Kisha shingo ya Lucie ilinyooka, macho yake yakatulia, na pua za wote waliokuwemo zikanusa kahawa inayoungua.

"We ni nani?" aliuliza mama Irankunda. "Uko jini? Unatoka mu maji? Unatoka mu makaburi? Nani alikutuma?"

Sauti iliyotoka haikuwa ya Lucie. Ilikuwa ya mwanamke mzee zaidi, kavu, isiyo na haraka.

"Natoka tribunal."

Wanawake wa maombi waliachia mabega.

"Kwa jina la Yesu, toka!"

"Nitoke niende wapi?" Sauti ilipanda. "Ku tribunal balinifukuza. Kaburi sina, niko na mto. Kapteni alifunga mlango ya kwanza, uyu mwanamke akafunga ya pili. Nilipita mu moto juu nije niseme. Nilitembea siku mbili na mugongo yenye imeungua juu nije niseme! Nikasema. Uyu akakula maneno yangu mbele ya jaji, na mi nikamuangalia, nikafikiri ameyapeleka. Nikamuambia asante. Unasikia, mwanamke ya Mungu? Nilimuambia asante!"

Kuta za udongo zilitoa vumbi. Lucie alianguka ubavu, akakohoa, na alichokohoa juu ya mkeka kilikuwa masizi.

Mama Irankunda aliwatoa wanawake wawili nje. Alipogeuka, hasira yake haikuwa kwa pepo.

"Mama Esperance. Ulifanya nini?"

Lucie alisema. Jioni kabla ya Benedicte kutoa ushahidi, mtu alikuja nyumbani kwake, nguo za kiraia lakini buti za jeshi. Alikaa kwenye kiti cha marehemu mume wake. Alimpakata Esperance, aliyekuwa na miaka saba, akamsuka nywele kidogo kwa vidole. Alisema: tafsiri vizuri kesho, mama, mtoto wako ni mzuri. Basi. Akaenda zake. Kesho yake neno "kapteni" lilipofika kwenye ulimi wake, ulimi ulilibadilisha wenyewe.

"Ulimi hapana," alisema mama Irankunda. "We."

"Mi."

Mama Irankunda alikaa juu ya kreti la nyanya.

"Mi nafukuza mashetani. Uyu si shetani, ni shahidi. Nikimufukuza shahidi kwa jina la Yesu, Yesu mwenyewe atanikasirikia. Ulikula maneno ya mutu. Uyateme."

"Bataniua. Yule mutu ni kanali sasa. Iko na batu yake ata umu kambini."

"Pengine batakuua. Na ule mwanamke nyuma ya pazia, unafikiri hakujua ya kama batamuua?" Alisimama, akafungua mlango, jua likaingia. "Na bado alisema. Wende."

Kule Kauma, René alikuwa amerudi kutoka safari. Lucie alimweleza yote, amesimama, Guelord pembeni yake. René alisikiliza mpaka mwisho, kisha akapiga meza kwa kofi.

"Miaka tatu!" alisema. "Niko na hii film miaka tatu! Colonel alilia mbele ya kamera yangu, unaelewa? Alilia juu ya indiscipline ya baaskari yake. Film yote imesimama juu ya ayo machozi. Na leo ndo unakuja kuniambia?"

Lucie alikuwa amekuja na aibu. Aibu ile ilimtoka hapo hapo, kama nguo iliyokatika kifungo, na chini yake akakuta hasira iliyokuwa ikimngoja miaka mitano.

"Machozi ya kanali uko nayo," alisema. "Ya Benedicte iko wapi? Nayauliza, Monsieur René. Umeyaweka wapi?"

René alimtazama. Kisha kitu kingine kilipita machoni pake, Guelord alikiona pia: ile njaa ya mtu wa kamera.

"Guelord," alisema kwa upole. "Washa."

Lucie alikaa mbele ya kamera, uso wazi, bila pazia. Aliongea kuanzia saa nne asubuhi mpaka saa nane. Kila alipotaka kulainisha mambo, sauti ya pili ilimtoka kinywani. Alisema, "Mtu mmoja alinitisha," na sauti ikamkatiza: "Sema alikaa ku kiti ya nani." Alisema, "Niliogopa," na sauti ikauliza: "Na kiisha hukumu, miaka mbili yote ulikuwa Bukavu, uliogopa kila siku? Ata siku moja haukukosa kuogopa?" Akalia, akasema hapana, kulikuwa na siku ambazo alisahau kabisa, kulikuwa na siku ambazo alicheka. René hakusogea. Mwishowe Lucie alisema, kwa Mashi na kwa Kifaransa, neno kwa neno, mambo yote ambayo Benedicte aliyasema kwenye hema lile: kapteni, mfuko, ufunguo, na jinsi alivyojaribu mlango mara mbili kuhakikisha umefungwa.

Alipomaliza, dirishani ikaingia harufu ya mahindi ya jirani. Ya mahindi tu. Guelord alikwenda kugusa mlango wa stoo. Ulikuwa baridi.

René alimshika Lucie mikono yote miwili. "Mot à mot, mama. Nitaweka neno kwa neno. Nakuapia mbele ya Mungu."

Miezi minane Lucie alilala vizuri.

Mwaka 2015 filamu ilionyeshwa kwenye ukumbi mmoja wa Lilongwe. Kulikuwa na viti vya kitambaa, juisi, wageni wenye beji shingoni. Lucie alishona kitenge kipya kwa ajili ya siku ile. Alikaa safu ya nyuma na Guelord. Taa zikazimwa.

Alimwona kanali akilia. Aliona hema. Alisikia Benedicte akisema kwa Mashi: kapteni mwenyewe. Akasikia sauti yake ya ujana, na chini ya picha maandishi meupe yakatokea: Askari walifunga mlango.

Akangoja. Sasa nitakuja, alifikiri. Sasa uso wangu utakuja.

Ulikuja. Alikuwa kwenye cherehani yake, Dzaleka, akikata uzi kwa meno, akitabasamu kwa jambo ambalo Esperance alikuwa amelisema nje ya picha. Chini yake waliandika: Maisha mapya kambini. Muziki ukapigwa. Sekunde chache, kisha ikaja picha ya machweo, na filamu ikaisha.

"Si mimi, mama," Guelord alinong'ona. "Alimaliza montage, kuunganisha picha, kule kwabo. Nakuapia si mimi."

Lucie alikuwa ameshika mkono wa kiti, na hasira iliyokuwa ndani yake ilikuwa kubwa kiasi kwamba alishindwa kujua ni yake peke yake au ni ya watu wawili.

Makofi. René alipanda jukwaani, shati jeupe, akachukua maikrofoni. Aliwashukuru wafadhili. Alisema filamu hii ni ya mashahidi. Akafungua mdomo kusema jambo jingine, akafunga, akafungua tena.

Kilichotoka kilikuwa Mashi.

René hakujua Mashi. Aliwahi kusema mwenyewe kwamba anajua wimbo mmoja tu wa bibi yake, tena nusu. Watu walidhani ni salamu ya kwao, wakapiga makofi, lakini sauti haikusimama kupokea makofi, iliendelea, na ilikuwa ya mwanamke, kavu, isiyo na haraka, na fundi wa ukumbi aliposhtuka na kuzima maikrofoni haikupungua hata kidogo, na René alipojiziba mdomo kwa viganja vyote viwili ilipita katikati ya vidole vyake kama maji, huku macho yake yakizunguka ukumbini yakitafuta mtu, mtu yeyote, na shati lake jeupe likianza kuwa na madoa meusi kifuani, madogo, mapana, yenye umbo la viganja. Kicheko kimoja kilisikika safu ya mbele, kikakatika. Mwanamke mwenye beji alisimama.

"Anasema nini?" aliuliza kwa Kiingereza. "Hakuna anayeelewa?"

Lucie alielewa. Alifikiria Esperance. Alifikiria kanali na watu wake, na masikio ambayo yangeweza kuwa ndani ya ukumbi ule. Kisha akajitengeneza kitenge, akapita katikati ya viti, akapanda ngazi tatu, akasimama kando ya René mahali ambapo mkalimani husimama, hatua moja nyuma, upande wa kushoto. Guelord alikuwa amemfuata.

"Anaitwa Benedicte M'Byamungu," Lucie alisema kwa Kifaransa, na Guelord akarudia kwa Kiingereza. "Anasema anataka kuanza upya, tangu asubuhi ya siku ile. Anasema mtu asitoke."

Hakuna aliyetoka. Benedicte alieleza hali ya hewa ya asubuhi ile. Alitaja watoto wake wanne kwa majina, na umri wao, na nani alikuwa na kikohozi. Lucie hakuruka hata kikohozi. Walipofika mlangoni mwa depo, sauti ilisimama kidogo ivute pumzi, na katika nafasi hiyo ndogo sauti ya René mwenyewe ilipenya, nyembamba, ya mtoto.

"Mama Lucie. Nakuomba. Umuambie atoke."

Lucie alimtazama mara moja.

"Ngoja amalize," alisema.